Amri ya Kuhama: Polisi Wana Uwezo Gani juu ya Mtuhumiwa Kilwa?

Ipo kauli iliyozoeleka kwenye mikutano ya hadhara nchini. Kiongozi wa usalama anasimama mbele ya wananchi, anaeleza jinsi wizi ulivyozidi, kisha anawapa wahalifu muda wa saa 24 au siku 7 wawe wamehama eneo lake. Wananchi wanapiga makofi kwa sababu wamechoka kuibiwa. Ikishashuka jukwaani, kauli hiyo huchukua sura nyingine. Kijana aliyewahi kushikwa na kuachiwa anaitwa kituoni na kuambiwa asionekane tena mjini. Mvuvi wa dago, yaani kambi ya uvuvi ya msimu, anaelezwa na mwenyekiti wa kitongoji kuwa polisi wamesema watu wa kuja waondoke. Hakuna karatasi wala kifungu cha sheria kinachotajwa, na hakuna anayejua marufuku hiyo itakwisha lini.

Hapo ndipo mkanganyiko unapoanza. Wapo wanaoamini kuwa askari mwenye uwezo wa kumkamata mtu lazima awe na uwezo mdogo zaidi wa kumwambia ahame. Wengine wanaichukulia kauli hiyo kuwa kitisho tu, kisichomfunga mtu yeyote. Katikati yao yupo mwenyekiti wa kijiji anayejiuliza kama, akimruhusu aliyefukuzwa arudi kwa mama yake, naye atakuwa ametenda kosa. Maswali haya yanajibika. Majibu yake yanapatikana katika Katiba, katika sheria chache ambazo watu wengi hawazijui, na katika uamuzi mmoja wa Mahakama Kuu uliotoka miaka ya 1980.

Kwa nini swali hili linaigusa pwani ya Lindi

Kilwa ni wilaya ya njiani. Kaskazini imepakana na Rufiji, magharibi Liwale, kusini Lindi. Barabara kuu ya Dar es Salaam hadi Mtwara inapita Somanga na Nangurukuru, na baharini kuna njia za majahazi na mashua zinazoiunganisha Mafia, Songo Songo, Kivinje, Masoko na Pande. Watu huingia na kutoka kwa miguu, kwa basi na kwa chombo.

Kuingia na kutoka huko ndiyo riziki ya pwani. Wavuvi hufuata samaki kwa msimu, wakapiga dago mbali na kwao kwa wiki au miezi. Huja Wakojani kutoka Pemba, watu wa Mafia, watu wa Mtwara. Msimu wa korosho na wa ufuta huleta vibarua na wanunuzi. Mwaka 2006 na 2007 wafugaji walioondolewa bonde la Usangu mkoani Mbeya walielekezwa kuhamia kusini, Lindi ikiwamo, na Kilwa ikawa miongoni mwa wilaya zilizowapokea. Migogoro ya wakulima na wafugaji iliyofuata haijaisha hadi leo. Kwa hiyo katika vijiji vingi vya Kilwa, mtu wa kwanza kunyooshewa kidole jambo likiharibika ni yule asiye na ukoo pale.

Kisha kuna hofu ya kweli. Mwaka 2017, jirani tu upande wa kaskazini, viongozi wa vijiji na askari waliuawa Kibiti, Rufiji na Mkuranga. Mwezi Aprili pekee askari polisi 8 waliuawa katika shambulio moja. Serikali iliunda kanda maalumu ya kipolisi Rufiji, na pikipiki zikapigwa marufuku usiku katika wilaya hizo. Mtu aliyeishi Somanga au Njinjo wakati huo hahitaji kuelezwa kwa nini watu wanataka polisi wachukue hatua kabla damu haijamwagika. Hofu hii si ya kudharauliwa, na uchambuzi wowote unaoipuuza hautamsaidia mtu wa Kilwa.

Katiba inasema nini

Ibara ya 17 ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano inampa kila raia haki ya kwenda kokote nchini na kuishi sehemu yoyote. Ibara ya 15 inakwenda mbali zaidi kwa jambo letu: inakataza mtu kukamatwa, kufungwa, kuwekwa kizuizini au kuhamishwa kwa nguvu, isipokuwa kwa utaratibu uliowekwa na sheria, au katika kutekeleza hukumu, amri au adhabu ya mahakama. Kuhamishwa kwa nguvu kumewekwa katika orodha moja na kufungwa. Walioandika ibara hiyo waliona kuwa kumtoa mtu mahali anapoishi ni kumnyang'anya uhuru, hata kama hakuna mlango uliofungwa nyuma yake.

Ibara ya 13 nayo inakataza mtu aliyeshtakiwa kwa kosa la jinai kutendewa kama mkosaji kabla kosa halijathibitika. Ikiwa aliyekwisha kushtakiwa analindwa namna hiyo, anayeshukiwa tu hawezi kuwa na ulinzi mdogo zaidi.

Haki hizi zina mipaka. Ibara ya 17 yenyewe inaruhusu sheria kuzuia uhuru wa mtu kwenda atakako ili kutekeleza hukumu au amri ya mahakama, kumlazimisha mtu atimize wajibu wa kisheria, au kulinda maslahi ya umma. Ibara ya 30 inaruhusu sheria za kulinda usalama na amani ya jamii. Wanaotetea amri za kuhama hutegemea sana maneno hayo ya maslahi ya umma, lakini husahau kwamba Katiba inadai kwanza pawepo msingi wa kisheria. Maslahi ya umma pekee hayageuki kuwa sheria kwa sababu yametamkwa na ofisa. Na hata pakiwepo sheria, Mahakama ya Rufani katika shauri la Kukutia Ole Pumbun la mwaka 1993 iliweka kipimo: sheria inayobana haki ya msingi isiwe ya kionevu, iwe na kinga dhidi ya matumizi mabaya, na isibane zaidi ya kinachohitajika kufikia lengo lake.

Kwa hiyo swali la kwanza ni jepesi kulitamka. Je, ipo sheria ya Tanzania inayompa ofisa wa polisi uwezo wa kumwamuru raia ahame wilaya?

Waliowahi kupewa uwezo wa kuhamisha watu

Historia inasaidia hapa, kwa sababu kuhamisha watu si jambo geni katika nchi hii. Serikali ya kikoloni ya Waingereza ilitunga sheria ya kuhamisha watu mwaka 1921. Iliruhusu mtu aliyeonekana hatari kwa amani kutolewa sehemu moja ya Tanganyika na kupelekwa nyingine, kwa amri ya Gavana. Baada ya Uhuru uwezo huo ulirithiwa na Rais, na haukukaa bila kutumika: Januari 1963 kiongozi wa vyama vya wafanyakazi Victor Mkello alihamishiwa Sumbawanga. Sheria hiyo imebaki vitabuni.

Sheria ya Uchawi ya mwaka 1928 ni mfano wa pili, nayo bado ipo. Inamruhusu Mkuu wa Wilaya, baada ya uchunguzi, kumwamuru anayeshukiwa kufanya uchawi na kuleta hofu au madhara aishi mahali fulani ndani ya wilaya. Miongoni mwa sheria zote hii ndiyo inayokaribia zaidi kumhamisha mshukiwa bila hukumu, na hata hii imedai uchunguzi kwanza na haikumpa polisi mamlaka hayo.

Miaka ya 1940 ikaja sheria ya kuwaondoa mijini watu waliohesabiwa wasiotakiwa. Ndiyo iliyowasomba vijana wa Dar es Salaam walioitwa wahuni na kuwarudisha mashambani. Mwaka 1969 Bunge lilitunga sheria ya kuwahamishia wakosaji kwenye makazi maalumu, ikiwahusu watu waliokwisha kuhukumiwa. Mwaka 1983 ikaja Sheria ya Nguvu Kazi, na wengi wanaikumbuka kwa misako ya wasio na kazi waliopakiwa kwenye magari kurudishwa vijijini. Katika misako ile polisi walikuwa wakamataji. Uamuzi wa nani aende wapi uliwekwa, kwa maandishi ya sheria, kwenye ofisi nyingine.

Huu ndio ugunduzi mkubwa katika kuzipitia sheria hizi. Hata katika miaka ambayo dola, la kikoloni na la chama kimoja, halikuwa na haya ya kuhamisha watu, uwezo huo haukukabidhiwa kituo cha polisi. Ulipewa ofisi nyingine, kama Gavana, Rais au Mkuu wa Wilaya. Anayedai leo kwamba polisi wanao, anadai jambo ambalo hata watawala wakali zaidi hawakulitunga.

Sheria zenyewe hazikubaki salama. Haki za binadamu ziliingizwa katika Katiba mwaka 1984, lakini zilianza kudaiwa mahakamani Machi 1988, baada ya muda wa miaka 3 uliowekwa ili serikali isafishe sheria zake. Mwaka huohuo Chumchua Marwa, aliyekuwa akishikiliwa gereza la Musoma chini ya amri ya kuhamishwa, alifungua maombi Mahakama Kuu Mwanza. Jaji James Mwalusanya aliiona Sheria ya Kuhamisha Watu kuwa kinyume cha Katiba na batili. Miaka michache baadaye Tume ya Jaji Mkuu Francis Nyalali iliorodhesha sheria 40 zilizostahili kufutwa au kurekebishwa kwa kukandamiza haki, na sheria hizi za kuhamisha watu zilikuwa ndani ya orodha.

Yapo mambo ya kuwa makini nayo. Uamuzi wa Marwa ni wa Mahakama Kuu, si wa Mahakama ya Rufani, na Bunge halikuifuta sheria yenyewe. Wakili wa serikali anaweza kujenga hoja kwamba uwezo wa Rais bado una uhai wa aina fulani. Lakini hoja hiyo, hata ikishinda, haimsaidii ofisa wa kituo cha Kilwa Masoko. Kama amri ya Rais mwenyewe, yenye saini yake, ilishindwa kusimama mbele ya jaji, amri ya mdomo iliyotolewa kaunta ya kituo itasimamia wapi?

Polisi wana nini basi? Wana uwezo mkubwa: kukamata kwa shaka yenye msingi, kupekua, kuhoji, kutoa dhamana ya kituoni, kutawanya mkusanyiko haramu, kuzingira eneo la tukio na kumzuia mtu asilisogelee wakati upelelezi unaendelea. Aliyekamatwa anatakiwa kufikishwa mahakamani ndani ya saa 24 au mapema iwezekanavyo. Mkuu wa Mkoa na Mkuu wa Wilaya, chini ya Sheria ya Tawala za Mikoa, wanaweza kuamuru mtu anayehatarisha amani akamatwe na kushikiliwa kwa muda usiozidi saa 48, kisha afikishwe mahakamani au aachiwe. Sheria haikuwaongezea hapo uwezo wa kumfukuza. Na kwa asiye raia mambo ni tofauti kabisa: sheria za uhamiaji zina utaratibu wake wa kumwondoa mtu nchini, chini ya mamlaka za uhamiaji. Kuzichanganya njia hizi mbili ni hatari, hasa kusini, ambako Mmakonde wa Mtwara na Mmakonde wa Msumbiji wanaweza kuwa na jina moja na lafudhi moja.

Hoja za wanaounga mkono

Hoja yenye nguvu kuliko zote ni ya kuokoa maisha. Mwizi anaposhukiwa, umati hukusanyika, na hakuna askari wa kutosha wa kuuzuia. Ofisa anayemwambia kijana apande basi la kwanza aende kwa mjomba wake Lindi anaweza kuwa anamwepusha na mawe na moto. Ukimwambia ofisa huyo kwamba amevunja ibara ya 17, atakuuliza kama ungependa aiheshimu ibara hiyo na azike mtu kesho yake. Na mara nyingi wazazi wa kijana ndio wanaoomba jambo hilo.

Ya pili ni ya mashahidi. Katika kijiji ambako kila mtu anamjua mwenzake, aliyeibiwa mashine ya boti anamjua mwizi, jirani anamjua, lakini hakuna atakayesimama kizimbani. Kesi inafutwa, mtuhumiwa anarudi mtaani akiwa na kinyongo. Polisi wanaona njia pekee iliyobaki ni kumsogeza mbali.

Ya tatu ni udogo wa uwezo wa vyombo vya sheria kufika ulipo uhalifu. Upelelezi unachukua muda, visiwa na vijiji vya ndani viko mbali na mahakama ya wilaya, na mtuhumiwa akipata dhamana anaweza kurudi siku hiyohiyo kwenye mtaa wa mlalamikaji. Mlalamikaji hawezi kuelewa kwa nini sheria imemrudisha mlangoni pake.

Zote tatu zinaeleza tatizo lililopo. Udhaifu wao ni kwamba zinaeleza haja bila kueleza mamlaka, na kila moja ina jibu ndani ya sheria iliyopo, kama tutakavyoona.

Hoja za wanaopinga

Wapinzani huanza na dhana ya kutokuwa na hatia, na wako sahihi, lakini mimi naona hoja zao nzito zaidi ziko kwenye matokeo.

Kwanza, kumfukuza mtu hakumalizi uhalifu, kunauhamisha. Kama kweli kijana ni mwizi wa nyavu, akiondolewa Kivinje atakwenda Mchinga, ambako hakuna anayemjua. Kilwa itapata nafuu kwa gharama ya jirani yake, na jirani atajibu kwa njia hiyohiyo. Pwani ya kusini tayari imeonja kupokea watu walioondolewa kwingine bila maandalizi. Miaka tangu 2006 inatosha kuwa fundisho.

Pili, amri hiyo inaua upelelezi. Mtuhumiwa aliyetakiwa kuhojiwa anapotea kwa baraka za polisi wenyewe. Mali iliyoibwa haipatikani, waliomtuma hawajulikani, na jalada linabaki wazi. Ikiwa kulikuwa na ushahidi wa kumfukuza, ulikuwepo wa kumfikisha mahakamani. Ikiwa haukutosha kwa mahakama, ulimtosha vipi ofisa mmoja kumvunjia mtu maisha?

Tatu, amri ya mdomo isiyo na kikomo ni mlango wa rushwa na wa visasi. Anayeweza kufukuza kwa neno anaweza pia kurudisha kwa neno, na maneno hayo yanaweza kupatiwa bei. Ugomvi wa shamba la mikorosho, wa mirathi au wa mke unaweza kuvaa sura ya usalama. Anayeumia zaidi ni asiye na watu: mvuvi wa dago, mfugaji, kibarua. Mwenye ukoo mkubwa atatetewa na wazee wake kabla jua halijatua.

Nne, adhabu hii ni kubwa kuliko inavyoonekana. Mvuvi anayetolewa baharini kwake anapoteza chombo, fedha anazodai na nafasi yake katika kundi. Mwenye mikorosho hawezi kuibeba. Watoto wanabaki na mzazi mmoja. Mahakama ikimfunga mtu, walau inamwambia atatoka lini.

Udhaifu wa upande huu ni kwamba mara nyingi unaishia kwenye Katiba na kuwaacha wananchi na hofu yao. Anayesema polisi wasifukuze ana wajibu wa kusema wafanye nini.

Wenzetu walifanyaje

India ndiyo mfano wa karibu, na si kwa bahati, kwani sheria nyingi za mwanzo za Tanganyika zilichukuliwa kutoka huko mwaka 1920. Sheria ya Polisi ya Bombay ya mwaka 1951 inaruhusu mamlaka kumwondoa mtu katika wilaya kwa muda usiozidi miaka 2. Mahakama ya Juu ya India ilikubali uwezo wa aina hiyo mwaka 1952 katika shauri la Gurbachan Singh, ikizingatia kwamba mashahidi wanaogopa. Lakini sheria yenyewe inadai mtu apewe notisi yenye kiini cha tuhuma, asikilizwe, na awe na rufaa. Na mwaka 2022 mahakama hiyohiyo ilisema katika shauri la Deepak Dongre kwamba ni hatua ya nadra, isiyotakiwa kutumiwa kwa mazoea. Uingereza na Wales wana sheria ya mwaka 2014 inayomruhusu askari kumtaka mtu aondoke eneo fulani, kwa idhini ya maandishi ya ofisa mwenye cheo cha inspekta au zaidi, kwa saa zisizozidi 48, na haiwezi kumzuia mtu kufika anapoishi wala anapofanya kazi.

Kenya imetumia njia ya mahakama. Mwaka 2019 Gavana wa Samburu, Moses Lenolkulal, alipewa dhamana katika kesi ya ufisadi kwa sharti la kutokanyaga ofisini kwake, na Mahakama Kuu ikalitetea sharti hilo. Hapo mtu alizuiwa mahali mahususi, kwa sababu mahususi, na hakimu aliyemsikiliza.

Na jirani zaidi, Arusha, Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu ilitoa maoni ya ushauri Desemba 2020 kuhusu sheria za uzururaji barani. Ilisema sheria zinazomfanya mtu akamatwe au aondolewe eneo kwa sababu ya hali yake, si kwa kosa alilotenda, zinakiuka Mkataba wa Afrika. Maoni ya ushauri hayafungi kama hukumu. Hata hivyo yanawagusa Watanzania, kwa kuwa vifungu vya 176 na 177 vya Kanuni ya Adhabu vinavyohusu wazururaji ni vya ukoo huohuo.

Funzo si kwamba nchi nyingine hazifukuzi watu. Zinafukuza. Ila palipo na uwezo huo pana sheria iliyoandikwa, muda, sababu inayotolewa kwa mhusika, na mtu wa kukata rufaa kwake. Amri ya kituoni haina hata kimoja.

Njia zilizopo, na uzito wake

Turudi kwa yule ofisa mwenye nia njema. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, katika kifungu cha dhamana kilichozoeleka kama cha 148, inairuhusu mahakama kumpa mshtakiwa sharti la kutokwenda eneo au jengo fulani, kutochangamana na watu waliotajwa, na kuripoti polisi kila baada ya muda. Hili ndilo jibu la mlalamikaji anayeogopa kukutana na mtuhumiwa mlangoni. Mwendesha mashtaka anatakiwa kuliomba kwa kutaja mahali, kwa mfano mtaa wa shahidi au diko kulikofanyika wizi, badala ya kutaja wilaya nzima. Kifungu hichohicho kinamruhusu hakimu kumnyima mtu dhamana kwa usalama wake mwenyewe. Hilo ndilo jibu la hofu ya umati, nalo linamweka mtu mahali ambapo kuna daftari lenye jina lake.

Kwa anayetishia amani lakini hajatenda kosa linaloweza kuthibitishwa, sheria inamruhusu hakimu kumwita ajieleze na kumtaka aweke ahadi yenye dhamana ya kudumisha amani. Mwaka 2017 baadhi ya waliotajwa hadharani Dar es Salaam katika vita ya dawa za kulevya walifikishwa Mahakama ya Kisutu na kuwekwa chini ya masharti ya mwenendo mwema kwa njia ya aina hii. Mtu anaweza kuilaumu namna majina yale yalivyotangazwa, lakini ilikuwa wazi nani ametoa amri, kwa muda gani, na inapingwa wapi.

Njia hizi zina gharama. Zinahitaji waendesha mashtaka wanaozitumia, mahakimu wanaofika, na usafiri wa mtuhumiwa na mashahidi kutoka Njinjo au Songo Songo hadi Masoko. Ni polepole kuliko neno la kaunta. Kwenye mizani yangu, kuchelewa huko hakuhalalishi njia ya mkato, kwa sababu hasara za njia ya mkato huangukia mtu asiye na sauti na wilaya ya jirani, wakati gharama ya mahakama inabebwa na dola, ambalo ndilo lenye wajibu huo. Kama wananchi wanaona mahakama iko mbali, dai lao la haki ni mahakama inayowafuata, pamoja na polisi kata wanaobaki vijijini muda wa kutosha kujua nani ni nani. Na kama Bunge linaamini kweli kwamba nchi inahitaji uwezo wa kuwahamisha washukiwa, liandike sheria mpya yenye muda, notisi na rufaa, na ipimwe kwa kipimo cha Pumbun. Sidhani ingekipita kwa urahisi, lakini hiyo ndiyo njia ya uwazi.

Eneo moja linabaki gumu kwelikweli: makubaliano. Familia, wazee na polisi wanakaa, kijana anakubali kwenda kwa ndugu mpaka hasira zipoe. Pwani ina busara ndefu ya suluhu za namna hiyo, na sheria haimkatazi mtu kuhama kwa hiari. Tatizo ni pale hiari inapotolewa chini ya tishio la kukamatwa. Kipimo rahisi ni kuuliza: akibadili mawazo kesho na kurudi, kuna atakayemfunga? Kama yupo, yale hayakuwa makubaliano.

Aliyeambiwa ahame afanye nini

Kanuni ya Adhabu inaadhibu kukaidi amri halali iliyotolewa na mwenye mamlaka. Amri isiyo na msingi wa sheria haizai kosa hilo, na mwenyekiti wa kijiji anayempokea mkazi wake hajavunja sheria kwa hilo tu. Lakini kushindana na askari kwa nguvu ni kosa lingine, na halimsaidii mtu. Kinachosaidia ni kuuliza, kwa heshima na mbele ya shahidi, amri inatolewa chini ya kifungu gani, na kuomba iandikwe. Ikikataliwa, mhusika aandike mwenyewe tarehe, saa, mahali na maneno aliyoambiwa, kisha apeleke malalamiko kwa barua kwa Mkuu wa Polisi wa Wilaya au Kamanda wa Mkoa na abaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa.

Karatasi hiyo ni muhimu kuliko inavyodhaniwa. Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu wa Msingi ya mwaka 1994, baada ya kurekebishwa mwaka 2020, inamtaka mwombaji aonyeshe kwa kiapo jinsi alivyoathirika yeye binafsi, na awe amemaliza njia nyingine kwanza. Njia ya mapitio ya mahakama inataka uamuzi unaoweza kuonekana ili jaji aufute. Amri ya mdomo isiyo na alama yoyote huponyoka kwenye njia zote mbili, na hiyo ndiyo sababu kubwa kwa nini amri hizi zimeishi muda mrefu bila kufika mbele ya jaji. Kwa mtu wa Kilwa, Mahakama Kuu iko mbali. Kwa hiyo aanze na wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, pamoja na Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora inayopokea malalamiko bila ada. Asichelewe, kwa sababu maombi ya mapitio ya mahakama yana ukomo wa miezi 6 tangu siku ya uamuzi unaolalamikiwa.